Shahada inavuka mpaka, miaka ya kazi inakwama

Mfanyabiashara mdogo anayevusha mzigo Namanga, Sirari au Busia anajua thamani ya karatasi moja. Bidhaa zisizozidi dola 2,000, zikiwa kwenye orodha iliyokubaliwa na zimezalishwa ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, hupewa cheti rahisi cha uasili na kupita bila ushuru wa forodha.

Mhadhiri wa chuo kikuu hana karatasi ya namna hiyo. Akihama Kampala kwenda Eldoret, au Nairobi kwenda Dodoma, shahada yake ina njia ya kutambuliwa. Miaka aliyofundisha ndiyo inayozua mgogoro, na migogoro ya aina hii huweza kufika mahakamani.

Miaka hiyo ni fedha. Mwongozo uliotolewa Kenya mwaka 2014 na Tume ya Elimu ya Vyuo Vikuu ulimtaka anayeomba kuwa mhadhiri mwandamizi awe na uzoefu wa angalau miaka mitatu, pamoja na alama 32 za machapisho. Asiyehesabiwa miaka yake husubiri, na nyongeza ya mshahara husubiri naye.

Chukua mfano wa mtu aliyefundisha miaka sita, minne kati yake kwa mkataba. Mwajiri mpya atasema mkataba si ajira ya kudumu, na kwamba cheo cha kule hakilingani na cha hapa. Mhadhiri atajibu kwamba alifundisha masomo yale yale na kusahihisha mitihani ile ile. Wenzake walioingia kwa usaili wa ushindani nao watalalamika wakipitwa na aliyeingia kwa mlango wa pembeni. Kila upande una hoja.

India imepambana na suala hili kwa muda mrefu. Mwaka 1990 majaji watano wa Mahakama ya Juu, katika shauri la wahandisi wa jimbo la Maharashtra, waliweka msingi: aliyeajiriwa kwa kufuata kanuni ahesabiwe tangu siku ya kuajiriwa, aliyewekwa kuziba pengo tu, nje ya kanuni, asihesabiwe muda huo.

Kanuni za vyuo vikuu za nchi hiyo za mwaka 2018 zinakubali utumishi wa ndani na wa nje ya nchi, wa chuo cha umma na cha binafsi. Hata mkataba huhesabiwa, mradi mwalimu alikuwa na sifa, alipitia kamati ya usaili, na hakulipwa chini ya mwalimu wa kudumu. Sharti hilo la mwisho ndilo linalouma. Aliyelipwa kidogo hupoteza mara mbili: mshahara wa wakati ule, na miaka ya sasa.

Ahadi ipo, kipimo hakipo

Itifaki ya Soko la Pamoja, iliyoanza kutumika Julai 1, 2010, inazitaka nchi wanachama zitambue elimu na uzoefu uliopatikana katika nchi nyingine. Lakini haisemi mwaka wa mkataba uhesabiwe vipi. Zaidi ya hapo, uhuru wa wafanyakazi kuhama haugusi utumishi wa umma, isipokuwa sheria ya nchi mwenyeji ikiruhusu. Vyuo vingi vikubwa vya ukanda huu ni vya umma.

Kati ya 1963 na 1970 swali hili lingekuwa dogo: Makerere, Nairobi na Dar es Salaam vilikuwa sehemu ya Chuo Kikuu kimoja cha Afrika Mashariki. Uchungu wa miaka isiyohesabiwa unajulikana pia. Jumuiya ya kwanza ilivunjika mwaka 1977. Waliokuwa watumishi wake Tanzania walidai mafao hadi mahakamani, na makubaliano ya malipo yakafikiwa mwaka 2005.

Anayedhulumiwa leo ana pa kwenda. Sheria ya Uganda ya 2001 imeweka baraza la rufaa la wafanyakazi katika vyuo vikuu vya umma. Kenya ina Mahakama ya Ajira na Kazi. Anayelalamikia uamuzi wa serikali anaweza kwenda Mahakama ya Afrika Mashariki, Arusha, lakini ana miezi miwili tu.

Njia rahisi zaidi ni kujikinga kabla ya kuvuka. Sheria za ajira za Kenya, Tanzania na Uganda zinampa anayeacha kazi haki ya cheti cha utumishi. Kidaiwe kikiwa na tarehe na cheo, stakabadhi za mshahara zitunzwe, na barua ya ajira mpya itaje miaka mingapi imekubaliwa. Asiyeandikiwa hilo siku ya kwanza ataliomba miaka mitano baadaye, mbele ya hakimu.