Mumiani

Mumiani (pia: chinjachinja au mnyonya damu) ni mtu anayedhaniwa kuwakamata watu na kuwatoa damu ili itengenezwe dawa au iuzwe. Hakuna ushahidi kwamba watu wa namna hiyo wamewahi kuwepo, lakini uvumi juu yao umesababisha vifo katika Afrika ya Mashariki.

Neno lenyewe lina asili ya Kiajemi. Awali lilitaja dawa nyeusi kama lami iliyojulikana pwani. Baadaye wengi waliamini kwamba imetengenezwa kwa damu ya binadamu. Wakati wa ukoloni walioshukiwa walikuwa hasa wazima moto na watumishi wa afya. Mwanahistoria Luise White aliandika kitabu juu ya simulizi hizo mwaka 2000.

Tukio la Iringa-Mvumi

Tarehe 1 Oktoba 2016 watafiti wawili na dereva wao kutoka kituo cha utafiti wa kilimo cha Selian, Arusha, waliuawa katika kijiji cha Iringa-Mvumi, wilaya ya Chamwino, mkoani Dodoma. Walikuwa wamefika kwa kazi ya kuchunguza udongo. Taarifa za polisi za wakati huo zilieleza kwamba mwanamke mmoja aliwashuku akapiga yowe, kisha likatolewa tangazo kwa kipaza sauti cha kanisa kwamba wanyonya damu wamevamia kijiji. Miili yao ilichomwa moto.

Uvumi unavyoenea

Vijijini habari nyingi hupita kwa mdomo: kisimani, kilabuni, mnadani, na katika masoko kama lile la mahindi la Kibaigwa, wilaya ya Kongwa, ambako wafanyabiashara wa mbali hukutana na wakulima. Anayeipokea habari kwa jirani au shemeji huiamini kwa sababu anamwamini msemaji. Akiisikia tena kwa mtu wa pili hudhani imethibitishwa, ingawa huenda wote wawili waliipata mahali pamoja.

Yowe huongeza kasi. Ni ulinzi wa kijiji dhidi ya wezi na wanyama wakali, na asiyeitikia hulaumiwa. Hivyo watu hufika na silaha kabla ya kuuliza kuna nini. Barua ya kibali ya mgeni, hata ikiwa na mhuri, haisomwi katika hali hiyo.

Mwaka 2017 uvumi kama huo ulizuka kusini mwa Malawi. Watu kadhaa waliuawa, na Umoja wa Mataifa ukawaondoa watumishi wake katika wilaya za Mulanje na Phalombe.