Sinema Baina ya Kutoona na Kutosikia: Funzo la Filamu Mbili

Filamu hujengwa juu ya taswira na sauti. Makala haya yanaeleza namna filamu mbili zilivyoujaribu msingi huo, na funzo zinalowapa watunga sera za utamaduni na ujumuishi.

Ya kwanza ni Blue (1993) ya Mwingereza Derek Jarman, aliyeitengeneza wakati maradhi yatokanayo na UKIMWI yalipokuwa yakimpofusha. Kwa dakika 79 kiwambo hubaki na rangi moja tu, buluu. Kinachobadilika ni sauti za wasimulizi, muziki na vishindo. Mwaka huohuo ilirushwa nchini Uingereza kwa televisheni na redio kwa wakati mmoja. Hivyo asiyeona aliipokea karibu sawa na anayeona. Kiziwi aliachiwa rangi tupu.

Ya pili ni Land des Schweigens und der Dunkelheit (1971), yaani Nchi ya Ukimya na Giza, ya Mjerumani Werner Herzog. Inamfuata Fini Straubinger, aliyepoteza uoni na usikivu katika ujana wake, akiwatembelea wenzake. Mawasiliano yao ni kwa alfabeti ya Lorm: msemaji hugusa vidole na kiganja cha mpokeaji, kila mguso ukiwakilisha herufi. Kamera hutulia juu ya mikono inayopapasa mimea na wanyama, na mtazamaji hutambua kuwa mikono hiyo hupata maarifa asiyoweza kuyapata kwa kutazama. Hata hivyo, wahusika hao wenyewe hawakuweza kuiona wala kuisikia filamu inayowahusu.

Pengo hilo ndilo kiini cha suala la sera. Maelezo ya sauti humfaa asiyeona. Lugha ya alama na maandishi ya kwenye kiwambo humfaa kiziwi. Kuviunganisha vyote hakumfikii kiziwi asiyeona, kwa kuwa kila kimoja hutegemea hisi ambayo hanayo. Yeye huhitaji mkalimani wa mguso au matini ya nukta nundu. Kwa hiyo, sera inayowataja wasioona na viziwi pekee haijamtaja yeye. Inapasa kundi hilo litambuliwe kwa jina lake, na mahitaji yake yapangiwe bajeti tangu filamu inapoandaliwa, si baada ya kukamilika.