Je, Wajua? Pembe Ndani ya Majani ya Chai

Je, wajua kwamba Aprili 2015 maofisa wa forodha wa Thailand walifungua kontena la majani ya chai kutoka Mombasa, wakakuta pembe za ndovu 511? Mzigo ulikuwa na uzito wa karibu tani 3 na ulikuwa njiani kwenda Laos. Mwezi uliofuata Singapore ikakamata tani 3.7 za pembe, nazo zikiwa zimefunikwa kwa magunia ya chai kutoka Kenya.

Wajua kwamba pembe husafiri hata na vitunguu saumu? Novemba 2013, katika nyumba moja ya Mikocheni, Dar es Salaam, zilikamatwa pembe 706 zilizofichwa pamoja na makombe ya konokono na vitunguu saumu. Kwa nini saumu? Jibu muulize mbwa wa polisi.

Je, wajua mavi ya tembo ni ushahidi? Mwanasayansi Samuel Wasser wa Chuo Kikuu cha Washington, Marekani, na wenzake walikusanya mavi hayo kutoka pande nyingi za Afrika, wakachora ramani ya vinasaba vya tembo, kisha wakalinganisha na pembe zilizonaswa bandarini. Mwaka 2015 walitoa matokeo: zaidi ya asilimia 85 ya pembe za tembo wa savana walizochunguza, zilizokamatwa kati ya 2006 na 2014, zilitoka Afrika Mashariki, hasa Selous ya Tanzania na Niassa ya Msumbiji. Sensa nayo ilisema hivyohivyo kwa lugha yake. Tembo wa Tanzania walikuwa zaidi ya 109,000 mwaka 2009. Mwaka 2014 walibaki takriban 43,000.

Wajua kwamba mfanyabiashara wa pembe aliyepewa jina la "Malkia wa Pembe za Ndovu" aliongea Kiswahili kizuri? Yang Fenglan alifika Tanzania mwaka 1975 akiwa mkalimani katika ujenzi wa reli ya TAZARA, baadaye akafungua mgahawa Dar es Salaam. Februari 2019 Mahakama ya Kisutu ilimfunga miaka 15 kwa biashara ya vipande 860 hivi vya pembe. Watanzania wawili walifungwa naye, lakini majina yao nani anayakumbuka?

Je, wajua panya anaweza kukagua mizigo? Pale Morogoro, kwenye Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, shirika la APOPO, lilelile lililofundisha panya buku kunusa mabomu ya ardhini na kifua kikuu, limewafundisha wengine kunusa pembe za ndovu, pembe za faru, magamba ya kakakuona na mpingo. Panya huingiza pua kwenye tundu lenye sampuli; akiitambua, anatulia hapo sekunde kadhaa, kisha anapewa chakula chake. Wakufunzi huwachanganyia makusudi harufu za kahawa, sabuni ya unga na nyaya za umeme, maana wasafirishaji haramu nao hawalali. Kwa kazi ya bandarini panya huvishwa kizibao chekundu chenye kijipira kifuani. Akinusa harufu aliyofundishwa, hukivuta kijipira hicho kwa mikono yake na kengele hulia. Utafiti uliochapishwa mwaka 2024 ulionyesha kuwa baada ya miezi 8 bila kukutana na harufu fulani, bado waliikumbuka. Mmoja wao anaitwa Attenborough. Tungependa kuona sura ya wakala wa forodha siku Attenborough atakapopanda juu ya mzigo wake.

Wajua tembo hayuko namba moja? Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2016 ilipanga kwa thamani mali za porini zilizokamatwa duniani kati ya 2005 na 2014. Magogo ya miti myekundu, jamii ya mkurungu wetu, yalichukua asilimia 35. Tembo, asilimia 18. Ila gogo halina macho ya kusikitisha kwenye bango, basi hupita.

Na msandali je? Mafuta yake ya manukato yako kwenye moyo wa mti na mizizini, kwa hiyo mkataji haishii kukata: anang'oa. Hapo hakuna kisiki cha kuchipua. Kenya ilipiga marufuku uvunaji wake mwaka 2007, na tangu 2013 msandali wa Afrika Mashariki umo kwenye orodha ya CITES, mkataba wa kudhibiti biashara ya kimataifa ya viumbe wa porini. Magari yenye shehena yake bado yanakamatwa.

Wajua hata sisimizi ana soko? Aprili 2025 vijana wawili wa Ubelgiji walikamatwa Naivasha wakiwa na sisimizi wapatao 5,000, wengi wao malkia, ndani ya mirija midogo 2,244 iliyozibwa kwa pamba ili wadudu waishi hadi miezi miwili. Wanunuzi ni watu wa Ulaya na Asia wanaofuga sisimizi kwa kujifurahisha. Mahakama ya Nairobi iliwapa chaguo: faini ya shilingi milioni 1 ya Kenya kila mmoja, au miezi 12 jela. Anayedhani adhabu hiyo ni ya kuchekesha akumbuke kwamba ukichukua malkia, umechukua kundi zima ambalo angelizaa.

Wajua magamba ya kakakuona yameumbwa kwa kitu kilekile cha kucha zako? Sisi tukimwona tunamtandikia maji, nafaka na panga atutabirie mwaka. Wengine wanasaga magamba yake wakiyaita dawa. Biashara ya kimataifa ya aina zote 8 imepigwa marufuku tangu mwaka 2017.

Mkaa wa Somalia? Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilizuia usiuzwe nje mwaka 2012, kwa sababu ushuru wake ulikuwa unawalisha Al-Shabaab. Uliwasha shisha za Ghuba.

Gesi ya friji? Miaka ya 1990, gesi iliyokatazwa kwa kutoboa tabaka la ozoni iliingizwa Miami kwa magendo kama dawa za kulevya. Gesi zilizochukua nafasi yake nazo zinapunguzwa, kwa makubaliano yaliyofikiwa Kigali mwaka 2016.

Na hili linakuhusu wewe msomaji. Kwa Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori ya Tanzania ya mwaka 2009, nyara si pembe peke yake: kucha, unyoya, mfupa, hata ganda la yai vimo. Ukikutwa nayo, wewe ndiye unayetakiwa kuthibitisha kuwa umeipata kihalali, na kifungo cha miaka 20 si jambo geni mahakamani. Ukiona ganda la yai la mbuni Tarangire, piga picha, liache hapohapo.