Usaili wa Kisaikolojia na Nafsi ya Msailiwa

Chema chajiuza, kibaya chajitembeza, wahenga walinena. Kijana aliyelelewa kwa hekima hii hukabiliwa na mtihani mgumu anapoketi mbele ya jopo la usaili na kutakiwa ajieleze. Makala haya yanafafanua usaili wa kisaikolojia, yaani ule unaochunguza tabia na maamuzi ya mtu zaidi ya vyeti vyake, na kuonyesha jinsi unavyomfunulia msailiwa nafsi yake.

Chimbuko mojawapo la usaili huu ni usimulizi. Mwaka 1935, Christiana Morgan na Henry Murray wa Chuo Kikuu cha Harvard walichapisha jaribio ambamo mtu huonyeshwa picha isiyo na maelezo, kisha akatakiwa kuitungia kisa. Waliamini kwamba msimulizi humvika mhusika haja na hofu zake mwenyewe. David McClelland, aliyelitumia jaribio hilo katika utafiti wake, baadaye alichangia kukuza usaili unaomtaka mtu asimulie matukio halisi ya kazini: lililotokea, alilowaza na alilotenda.

Mathalani, mpagazi wa Naro Moru, mji ambako njia mojawapo ya kupandia Mlima Kenya huanzia, anaomba kazi ya kuongoza wapandaji. Anaulizwa kuhusu siku alipofanya uamuzi mgumu. Akijibu, "Mimi ni mvumilivu," ametaja sifa ambayo yeyote aweza kudai. Akijibu, "Tulimrudisha mgeni," unyenyekevu umemficha: jopo halijui ni nani aliyeamua. Lakini akisimulia kwamba mgeni aliumwa kichwa na kutapika kabla ya kufika kilele cha Lenana, mita 4,985. Kwamba alishikilia kuendelea. Na kwamba yeye, japo alihofia kukosa bakhshishi, alimteremsha, hajajisifu. Tendo lake ndilo lililosema. Isitoshe, huenda akagundua papo hapo kwamba alichokiogopa zaidi si mlima, bali kumkatalia aliyemlipa.

Hata hivyo, usaili si kioo kisichodanganya. Majibu hukaririwa, na jopo huweza kutekwa na ufasaha likasahau ukweli. Uchambuzi wa Frank Schmidt na John Hunter wa mwaka 1998 ulionyesha kwamba usaili wenye maswali yaliyopangwa hutabiri utendaji kazi vyema kuliko mazungumzo huria.

Methali, basi, haijakanushwa. Chema bado chajiuza. Ila mbele ya jopo lisilokiona, sharti kisimuliwe.