Uhalisia katika majaribio: tunapima amani au tunapima maneno?

Sisi tunaofanya kazi ya kujenga amani Kivu Kaskazini husikia mara nyingi kwamba mbinu fulani "imejaribiwa". Ni vizuri kuuliza: jaribio hilo lilikuwa na uhalisia gani? Maana uhalisia si wa aina moja.

Mwanafizikia huondoa mambo mengi ili abaki na sababu moja. Mwaka 1971, mwanaanga David Scott wa Apollo 15 aliangusha nyundo na unyoya Mwezini. Vilifika chini pamoja, kwa sababu hakuna hewa. Hapa Goma unyoya ungechelewa, lakini kanuni ya mvutano ni ileile.

Mbunifu wa jiko hawezi kuishia hapo. Kuchemsha maji karakanani kunaonyesha jinsi jiko linavyotumia joto. Lakini nyumbani Majengo au Birere kuna makaa yenye unyevu, sufuria kubwa ya maharagi, na mama anayesonga bugali kwa nguvu. Jiko likiyumba litaachwa, hata kama linapunguza makaa.

Saikolojia inaongeza jambo lingine. Mwaka 1968, Elliot Aronson na Merrill Carlsmith walitofautisha jaribio linalofanana na maisha ya kila siku na jaribio linalomgusa mshiriki kweli. Kusema katika semina "sisi ni ndugu" hakumgharimu mtu kitu.

Tunao mfano wa kwetu. Mwaka 2010, mtafiti Elizabeth Levy Paluck alichapisha matokeo ya jaribio la mwaka mzima mashariki mwa Kongo, juu ya mchezo wa redio wa shirika La Benevolencija. Maeneo yote yalirushiwa mchezo huo; baadhi yaliongezewa kipindi cha kuwahimiza wasikilizaji wajadiliane. Washiriki walipewa chumvi, kisha wakaulizwa kama watatoa sehemu yake kwa watu wa jamii wasiyoipenda. Walioongezewa kipindi walijadiliana zaidi, lakini uvumilivu wao ulikuwa mdogo zaidi, na walikuwa wazito zaidi kusaidia.

Orodha ya mahudhurio isingeonyesha hayo, chumvi ilionyesha. Kwa hiyo, ndugu wasomaji, tunapotathmini mikutano yetu tusihesabu waliozungumza tu. Tuangalie pia mtu anafanya nini anapombidi kutoa kilicho chake kwa jirani asiyempenda.