Je, Wajua? Kutoka Siberia Hadi Mombasa

Ng'ambo ya Likoni, bandari ya Mombasa iliwahi kupokea Wapolandi waliotoka Siberia! Mwaka 1940 na 1941 utawala wa Stalin uliwahamishia huko na Kazakhstan kwa nguvu, na wengi wakafa kwa baridi, njaa na maradhi. Walionusurika walivushwa hadi Iran mwaka 1942, kisha meli zikawashusha Mombasa, Tanga na Dar es Salaam. Wengi walikuwa wanawake na watoto, kwani wanaume wengi walikuwa wamejiunga na jeshi la Wapolandi la Jenerali Anders.

Kutoka bandarini walipelekwa kuishi kambini; kambi ya Tengeru, karibu na Arusha, ilikuwa na watu wapatao 5,000.

Kinachogusa zaidi ni jinsi familia zilivyokataa kusahau. Makaburi ya Tengeru yanatunzwa hadi leo, na kanisa walilojenga Nyabyeya, Masindi, Uganda, lingali limesimama. Watoto na wajukuu wa wakimbizi hao huja kuzuru huko.

Kwale nako kuna la kukumbuka, kwani Vita vya Kwanza vya Dunia vilipita huko. Januari 1915 Waingereza na Wajerumani walipigana Jasini, karibu na Vanga. Msomaji wa Msambweni au Lunga Lunga, muulize babu alichosimuliwa na wazee wake, ukiandike.