‘Yaliyosahaulika’: Nani Aliyeyasahaulisha?

Hebu linganisha sentensi hizi tatu. Watu wamesahau mauaji. Mauaji yamesahaulika. Watu wamesahaulishwa mauaji. Mzizi ni mmoja, ila lawama haiangukii pamoja.

Katika ‘kusahau’, mtenda yupo na anajulikana. Kauli ya kutendeka, ‘kusahaulika’, haimtaji mtu yeyote. Jambo linajiendea tu, kama kikombe kilichovunjika chenyewe jikoni, ukiuliza nani alikivunja, utaambiwa, “Kimevunjika tu!” Kauli ya kutendesha, ‘kusahaulisha’, hairuhusu ujanja huo. Lazima awepo aliyesababisha.

Tofauti hii si ya darasani pekee. Chukua mfano wa Wagalla, Kaunti ya Wajir. Mnamo Februari 10, 1984, vikosi vya usalama vilianza kuwakusanya wanaume wa ukoo wa Degodia na kuwapeleka katika uwanja wa ndege wa Wagalla. Walizuiliwa humo kwa siku kadhaa, juani, bila maji. Waliojaribu kutoroka walipigwa risasi. Serikali ilitaja vifo 57. Manusura wanataja idadi kubwa zaidi mno. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyotolewa 2013, iliyachunguza mauaji hayo pamoja na yale ya Bulla Karatasi, mjini Garissa, ya 1980.

Hata hivyo, bado tunasikia na kusoma kirai ‘mauaji yaliyosahaulika’. Eti yamesahauliwa na nani?

Mnamo 2015, mwelekezi Judy Kibinge alitoa filamu ya hali halisi kuhusu Wagalla, Scarred: The Anatomy of a Massacre. Ndani yake manusura wanasimulia yaliyowapata. Miaka 31 ilikuwa imepita, ila kwao wakati haukuwa dawa. Hawakuwa wamesahau kitu. Ni sisi wengine ambao hatukuwa tumeambiwa. Wahenga walishasema: mtenda husahau, mtendwa hasahau.

Basi, msomaji wangu, ukitaka kuandika ‘yaliyosahaulika’, tua kalamu kwanza. Kama unajua kwamba habari zilizimwa na idadi ikapunguzwa, kauli sahihi ni ‘yaliyosahaulishwa’. Sarufi haiwezi kuwarudishia wajane wa Wajir waume zao. Inaweza, angalau, kukataa kumficha mtenda.